Niliifuta Ile Posti Ndani ya Dakika Ishirini, Mzee wa Saksofoni Akanicheka

Kuna watu kama kumi hivi wamenifuata inboksi wakiniuliza swali moja: ile posti ya msanii aliyekatwa shairi imeenda wapi? Wengine mmesema nimepewa hela. Mmoja akasema nimetekwa. Mwingine akaniambia eti nilikuwa natafuta kiki tu, mambo yalipopamba moto nikakimbia.

Ngoja nijibu leo. Nitajibu kwa kuzunguka kidogo, maana jibu lenyewe linapitia kwa babu mmoja wa Ngamiani, linaenda mpaka Kongo, linarudi hapa hapa Tanga. Kama bando lako ni la kuungaunga, soma taratibu.

Kwa wale ambao hamkuiona: niliandika kuhusu msanii mmoja wa huku pwani, jina kapuni. Alikuwa na wimbo wake mzuri tu, kitaa kizima wanaujua, na ndani yake kuna shairi moja linalozungumzia akina mama wauza samaki waliovunjiwa vibanda asubuhi, samaki wakabaki juani. Akaitwa kwenye shughuli moja kubwa. Kabla hajapanda jukwaani akaambiwa kuna mheshimiwa atakuwepo, kwa hiyo lile shairi aliruke. Akaliruka. Mimi nilikuwepo. Watu walikuwa wanausubiri ule mstari kwa hamu, ngoma ikapita pale patupu, jamaa akawa anasema "mikono juu, mikono juu". Nikaenda nyumbani nikaandika.

Posti ikachangamka. Komenti zikamiminika. Halafu simu ikalia, namba siijui. Sauti ya mwanaume, mpole kabisa, kaniita "mdogo wangu". Akaniuliza kama nina kibali cha kuandika mtandaoni. Akaniuliza naishi na nani. Akaniambia, "Hayo mambo si ya kwako, futa upumzike." Basi. Hakutukana, hakutisha. Nilivyokata simu mikono ilikuwa inatoka jasho. Dakika ishirini baadaye posti haipo.

Si unajua tena. Mwaka 2018, mimi ndo kwanza nimemaliza kidato cha nne na ndoto zangu za blogu, zikatoka zile kanuni za maudhui ya mtandaoni. Ukijumlisha maombi, leseni na ada ya mwaka, wakati huo ulikuwa unaambiwa zaidi ya milioni mbili za Kitanzania. Milioni mbili mimi naitoa wapi, nauza vocha! Mwaka mmoja kabla ya hapo, Machi 2017, Nay wa Mitego alikamatwa kwa sababu ya wimbo, Baraza la Sanaa likaufungia, kesho yake akaachiwa na tukaambiwa Rais mwenyewe kaupenda. Aprili mwaka huo huo Roma Mkatoliki, mtoto wa hapa hapa Tanga, akachukuliwa na watu wasiojulikana akiwa studio, akapatikana siku kadhaa baadaye. Sisi tulikuwa shule, lakini tulisikia. Kwa hiyo simu ya mtu mpole anayeuliza "unaishi na nani" mimi naielewa vizuri sana.

Sasa huyu babu.

Mtaani tunamwita Papaa, kama Wakongo wote wazee wanavyoitwa. Anakaa barabara za ndani kule Ngamiani, chumba na sebule, anatengeneza redio na pasi za umeme. Ukutani kuna saksofoni imefungwa kwenye kanga ya zamani. Alikuja Tanzania miaka ya 1970 kutoka Lubumbashi, akavuka ziwa mpaka Kigoma, akapanda treni, akapiga muziki Dar, mwishowe akaja Tanga kupiga kwenye hoteli moja na akakwama. Unajua msemo wetu, Tanga waja leo waondoka leo. Papaa alikuja leo, kuondoka kwake ndo hiyo miaka zaidi ya arobaini.

Nilimpelekea redio ya mama. Nikamwamkia, akaitikia, akaniangalia, akasema, "Mutoto, una nini? Sura iko kama ya mutu alipoteza nauli." Nikamsimulia yote. Shairi, mheshimiwa, simu, dakika ishirini.

Akacheka. Kiukweli nilikasirika. Nikamwambia, Papaa, kwa nini unanicheka wakati nimetishwa? Akaniambia hanicheki mimi, anajicheka yeye.

Hapo ndo nikakaa chini.

Kwanza nieleze kitu, maana sisi vijana tukisikia "jazz" tunadhani ni muziki wa kwenye lifti za hoteli. Hapa kwetu neno hilo lilikuwa jina la heshima la bendi. Tanga ilikuwa na Atomic Jazz na mtindo wao wa Kiweke. Ilikuwa na Jamhuri Jazz, ambayo ilianza ikiitwa Young Nyamwezi, kwa sababu mji huu ulijaa watu waliotoka bara kuja kukata mkonge. Ndugu wawili, Wilson Peter Kinyonga na George Peter Kinyonga, walipitia Jamhuri Jazz kabla hawajaenda Arusha na baadaye Kenya kuanzisha Simba Wanyika. Ukimuuliza bibi yako alimpatia wapi babu yako, uwezekano mkubwa atakutajia dansi la bendi moja wapo. Hazikuwa zinapiga jazz ya Marekani. Zilipiga rumba iliyotoka Kuba kwenye santuri, ikapita Kongo, ikavaa kanzu ilipofika kwetu. Lakini jina lilibaki jazz, maana lilikuwa jina la watu weusi waliokuwa wanapendeza na hawaombi ruhusa.

Na hilo la kutoomba ruhusa ndilo limewaudhi watawala wengi duniani. Ujerumani ya Hitler ilichukia jazz, ikaiita muziki wa watu duni. Kule Hamburg kulikuwa na vijana, wengi umri wa shule, wakifuga nywele, wakivaa makoti marefu na kucheza swing kwa siri. Wengi wakakamatwa kuanzia mwaka 1941 na baadhi wakapelekwa kambi za mateso. Kwa ajili ya kucheza! Urusi ya Kisovieti, baada ya vita ile kubwa, santuri za muziki uliokatazwa zilichongwa kwenye picha za eksirei zilizotupwa na hospitali. Unaweka muziki, unaona mbavu za mtu. Afrika Kusini ndo msiseme, Hugh Masekela aliondoka mwaka 1960, Miriam Makeba akazuiwa kurudi kwao mpaka akawa anatembea na pasipoti za nchi nyingine, mojawapo ni ya Tanzania yetu hii.

Papaa anatoka kwenye nchi ambayo mtawala alifanya kitu cha ujanja zaidi. Mobutu hakukataza muziki. Aliununua.

Mobutu alichukua madaraka Novemba 1965. Miezi michache baadaye, Juni 1966, wanasiasa wanne, mmoja wao aliyewahi kuwa waziri mkuu, Évariste Kimba, walinyongwa hadharani mjini Kinshasa mbele ya umati mkubwa. Watu walishikwa na butwaa. Franco, yule yule wa OK Jazz, bendi iliyoanzishwa 1956, akatoa wimbo unaoitwa Luvumbu Ndoki. Ndoki maana yake mchawi. Hakutaja mtu. Hakutaja serikali. Lakini kila mtu mjini alijua mchawi anayekula watu wake ni nani. Wimbo ukapigwa marufuku.

Wakongo wana neno lao kwa uimbaji wa namna hiyo: mbwakela. Ni kijembe, fumbo. Unamsema mtu bila kumtaja, yeye mwenyewe anajijua, na akikasirika kajitaja. Jamani, si ndo vitu vyetu hivi! Mtoto wa Tanga nani wa kumfundisha fumbo? Tumezaliwa kwenye nyumba ambazo shangazi akigombana na jirani hasemi neno, ananunua kanga yenye maandishi, anaivaa, anapita mbele ya kibaraza mara tatu. Taarab yote ni hiyo. Mama Shakila na wenzake wa hapa Tanga waliimba mapenzi na watu wakasikia mambo mengine kabisa.

Lakini sikiliza upande wa pili. Franco huyo huyo aliwahi kumwimbia Mobutu sifa mara nyingi tu. Mwaka 1984 akatoa wimbo mrefu wa kampeni wa kumnadi Mobutu kama mgombea wetu sote. Na kati ya hapo, mwaka 1978, serikali hiyo hiyo ilimfunga jela kwa nyimbo zilizoitwa chafu, akanyang'anywa na nishani. Mtu mmoja: kapiga kijembe, kafungwa, kasifu. Nilimuuliza Papaa, sasa huyu ni shujaa au chawa? Akasema, "Ulisha kuishi chini ya mutu moja miaka makumi tatu?" Nikanyamaza.

Akaanza kunisimulia yake.

Anasema miaka hiyo ya 1970 taarifa ya habari kwenye televisheni ilikuwa inaanza kwa sura ya Mobutu kushuka kutoka mawinguni, kama malaika. Nchi ilibadilishwa jina ikawa Zaire mwaka 1971. Mwaka uliofuata majina ya Kikristo yakakatazwa. Suti na tai zikakatazwa pia, wanaume wakavaa abakosti, ile koti isiyo na tai, jina lenyewe limetokana na maneno ya Kifaransa ya kusema suti ishuke chini. Na kulikuwa na kitu kinaitwa animasyo: wafanyakazi, wanafunzi, wote wanaimba na kucheza kumsifu Kiongozi. Usipocheza unaonekana. Hebu fikiria uko kazini, bosi anaangalia kiuno chako kama kinakatika kwa uzalendo.

(Ndo maana mkiona wale wasapeli wa Kongo na suti zao za bei mbaya, msidhani ni ushamba wa mavazi tu. Papa Wemba na vijana wake walikuwa wanavaa kile kilichokatazwa kuvaliwa. Tai ilikuwa maneno.)

Papaa alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, anapiga saksofoni kwenye baa ya wachimba madini. Bendi yao ilikuwa na sare za abakosti za kijani. Kila usiku lazima waanze na wimbo wa Kiongozi. Wanaanza. Halafu usiku ukishakuwa mkubwa, watu wa kuandika majina wakishalewa, mpiga ngoma wao anabadilisha mdundo kidogo tu. Ilikuwa ishara. Papaa anainua saksofoni anapiga sauti ya wimbo mmoja uliokatazwa. Sauti tu, hakuna anayeimba.

"Batu bote balijua maneno," akaniambia. "Hakuna mutu alifungua kinywa. Banaangalia chupa zabo, banatikisa kichwa. Maneno iko ndani ya kichwa ya kila mutu. Sasa utafunga nani? Saksofoni haina kinywa."

Daah. Nilisisimka. Nikamwambia Papaa wewe ni jembe, ningekuwa mimi ningeandika kitabu.

Akaniambia nisubiri, bado hajafika alipokuwa anajicheka.

Siku moja bendi ikaitwa kwenye sherehe ya mkubwa mmoja wa chama. Hela nzuri, chakula, bia. Wakaambiwa usiku mzima ni nyimbo za Kiongozi, hakuna nyingine. Mpiga ngoma akasema yeye hapigi. Hakutoa hotuba. Alisema tumbo linamuuma. Kila mtu kwenye bendi alijua haliumi. Wakaenda bila yeye, wakakodi mtu mwingine, wakapiga, wakala, wakalipwa. Papaa anasema siku hiyo alipiga vizuri kuliko siku zote, mkubwa akambandika noti kwenye paji la uso.

Wiki ile mpiga ngoma hakuja mazoezini. Wiki iliyofuata hakuja. Mama yake akaja pale baa mchana, akasimama mlangoni, akauliza, "Hamujamuona mutoto wangu?" Kiongozi wa bendi akajibu hawajamuona. Yule mama akamgeukia Papaa, maana alikuwa anamfahamu, alikuwa anakula kwake. Papaa akatazama saksofoni yake, akawa anaipangusa.

"Niliipangusa sana," akasema. "Ilikuwa safi tayari."

Hakuuliza. Hakwenda nyumbani kwa yule mama. Hakumtafuta rafiki yake kwa mtu yeyote, kwa sababu kuuliza kulikuwa ni kujitaja. Miezi michache baadaye akavuka ziwa. Mpaka leo hajui mwenzake alifungwa, alikufa, alikimbia kama yeye, au labda yuko mji fulani anatengeneza redio. Mobutu aliondoka madarakani mwaka 1997 na Papaa akapata nafasi ya kwenda kuuliza. Hakwenda. Anasema alishazoea kutouliza.

"Batu banasema saksofoni ilikuwa inapigana na Mobutu. Ndiyo, ilipigana. Usiku. Mimi mwenye saksofoni, muchana, nilikuwa napangusa."

Nilikaa pale mpaka muadhini akaadhini magharibi. Sikuwa na la kusema. Redio ya mama ilikuwa imeshapona, inasoma matangazo ya vifo.

Sasa turudi kwenye swali lenu wadau.

Sijapewa hela. Sijatekwa. Niliogopa, nikafuta. Ndo jibu, fupi hivyo. Na sisemi Tanzania ni Zaire ya Mobutu. Huku hatunyongani uwanjani, na mimi nimefuta posti, sijafutwa mwenyewe. Sitaki kujifananisha na mtu aliyepotea kwa sababu ya ngoma. Lakini kuna kitu kimenikaa kooni tangu siku ile na nataka nikitoe.

Hapa kwenye hii blogu kazi yetu ni fumbo. Msanii fulani wa kike, jina linaanzia na herufi fulani, kaonekana na mume wa fulani. Mnacheka, mnabashiri, mnatajana. Tumezoea kusema "jina kapuni" mpaka sijawahi kujiuliza kapu lenyewe linamficha nani. Siku ile niliposikia habari ya mbwakela nilijivuna, nikasema kumbe mimi na Franco ni kabila moja! Usiku nikalala nikawaza vizuri. Fumbo la Franco la mwaka 1966 lilimficha mwimbaji ili mchawi aonekane. Fumbo langu mara nyingi linafanya kinyume. Linamficha mkubwa, na mdogo ndo anaonekana. Kwenye ile posti nilimchamba msanii kwa aya tatu nzima. Nikamwita mwoga, nikamwita chawa. Aliyetoa amri ya kukata shairi nilimpa neno moja tu, "mheshimiwa". Halafu mtu mpole akanipigia simu, na mimi nikafanya kile kile alichofanya msanii niliyemchamba. Mikono juu, mikono juu.

Kwa hiyo kaka, unajijua, nisamehe. Ulikuwa na familia ya kulisha na jukwaa limeshawashwa taa. Sikukuuliza. Niliandika kabla ya kukuuliza.

Nilimpigia juzi. Mwanzo hakupokea, jana akapokea. Tukaongea kama nusu saa. Aliniambia kitu ambacho sikukiona siku ile, maana nilikuwa bize narekodi kwa simu. Alisema pale alipoliruka shairi, wale akina mama waliokuwa nyuma, upande wa mama lishe, waliliimba wao. Taratibu, bila maiki. Yeye aliwasikia kutoka jukwaani na ndo maana alikuwa anapiga kelele za mikono juu, alikuwa anaogopa wasikike. Au alikuwa anawafunika. Hata yeye anasema hajui alikuwa anafanya lipi.

Nikarudi kuangalia video yangu. Sauti ni mbovu, kuna spika inakoroma. Lakini ukiweka hedifoni ukasikiliza pale ngoma inapobaki peke yake, chini kabisa, wapo. Batu bote balijua maneno.

Posti ya zamani siirudishi. Sina hata nakala, na kusema kweli ilikuwa ya majungu. Hii ndo imechukua nafasi yake. Nimemsomea Papaa kabla sijaiweka, akasahihisha sehemu mbili, akaniambia la mama mlangoni nisilifute hata akija kunipigia simu yeye mwenyewe. Nikamuuliza kama ataniruhusu siku moja nimrekodi akipiga ule wimbo. Akasema midomo imeshachoka na meno ya mbele hayapo. Halafu akainuka, akaifungua ile kanga, akaitoa saksofoni, akaipangusa. Hakupiga. Akairudisha ukutani, safari hii bila kuifunga.

Namba isiyojulikana ikipiga tena nitawaambia. Nikikaa kimya wiki nzima, msibishane kwenye komenti kama nimepewa hela au natafuta kiki. Niulizeni. Nendeni kwa mama yangu, mkaulize na yeye. Hicho tu ndo naomba.

Haya, dondosha komenti yako hapo chini. Na kama una babu au bibi aliyepiga au kucheza dansi enzi hizo, mkalishe chini leo, muulize alinyamaza lini.